Vibaba Vinne

Juma lililopita nilipokea ujumbe kwamba Mwalimu Charo amefariki. Wanafunzi wake wa zamani wamejikusanya, wanachanga, wanapanga nani atasema nini siku ya mazishi, na wakakubaliana kwamba mimi niseme machache kuhusu jinsi alivyotufundisha hesabu. Walinichagua kwa sababu nilikuwa mwanafunzi wake bora, na kwa sababu hata leo kazi yangu ni ya hesabu. Nimewajibu kwamba sitaweza kufika, nikasingizia safari. Kwa hiyo hayo machache nayaandika hapa, kwa watu wa rika langu walioula ule unga wa njano na ambao hawahitaji kuambiwa ulikuwa unanukaje.

Ulinuka gunia na mafuta ya taa. Ukipikwa harufu haiondoki, inatulia tu chini ya kikombe ikikungoja umalize. Tuliambiana kwamba ni chakula cha farasi wa Wazungu, na kwamba msichana akiula sana hatazaa. Nilikuwa darasa la sita, na kuzaa kulikuwa mbali sana na mawazo yangu, kwa hiyo niliula bila wasiwasi.

Kwetu ni ng'ambo ya Vitengeni, upande wa Ganze, ambako hata mwaka wa neema maji hutafutwa kwa miguu. Mwaka ule haukuwa wa neema, na uliotangulia haukuwa pia. Mahindi yalifika magotini yakakauka yakiwa yamesimama. Watu wakachoma makaa mpaka miti ya kuchoma ikawa ya kuitafuta. Baba alikuwa Malindi akichimba mashimo ya vyoo vya mahoteli, na kilichotufikia kutoka kwake kilikuwa salamu. Nyumbani tulikuwa mama na watoto wanne, mimi mkubwa. Siku nyingi chakula kilikuwa kimoja tu, nacho ni uji wa shule, na wadogo zangu wawili ambao hawajaanza shule walingoja nilichowafichia kwenye kopo langu chini ya sweta.

Uji ule ulikuwa na kanuni yake. Siku magunia ya kwanza ya msaada yalipoletwa, alikuja mama mmoja wa afya kutoka Kilifi akatuonyesha sote, wanafunzi na wazazi, jinsi ya kuupika. Alichota unga kwa kopo la bati, akaumwagia maji kopo moja na jingine hadi matano, akasema kibaba kimoja cha unga, vibaba vitano vya maji, msizidishe msipunguze. Mwalimu Charo akaiandika kanuni kwa chaki kwenye mlango wa stoo: moja kwa tano. Shule yetu ilihitaji vibaba ishirini vya unga kwa siku. Maji yake yalikuwa vibaba mia, yaani madebe mawili na nusu, kwa kuwa debe moja ni vibaba arobaini. Haya nayasema bila kuangalia popote. Nitakapokuwa kizee na kusahau majina ya wajukuu zangu, nadhani haya nitakuwa bado ninayo.

Mpishi alikuwa Mekazungu. Alikuwa mjane, mrefu, mwenye sauti ya chini, na bintiye Kadzo nilikaa naye dawati moja. Kadzo na mimi tuligawana penseli moja iliyokatwa katikati. Malipo ya Mekazungu yalikuwa ukoko. Uji ukishagawiwa, kile kilichogandia kwenye pipa lililokatwa nusu, lililokuwa chungu chetu, kilikuwa chake, akikwangue awapelekee watoto wake na mkwewe kipofu. Hakukuwa na mshahara mwingine na hakuna aliyeuulizia. Katika mwaka ule, mwanamke mwenye ukoko wa uhakika kila siku alikuwa tajiri, na watu walimtazama kama tajiri anavyotazamwa.

Sijui nani alianza kusema kwamba uji ni mwepesi. Ulikuwa mwepesi kweli. Ukiinamisha kikombe unaona chini. Wazazi walinung'unika kisimani, kisha kwa mwenyekiti wa kamati ya shule, na mwenyekiti akaja akasimama nje ya stoo akiwa na fimbo yake akaongea na Mwalimu Charo kwa muda mrefu. Mwalimu ndiye aliyeshika ufunguo wa stoo. Kila asubuhi alipima unga mwenyewe, akautia kwenye gunia, akachora mistari ishirini ya chaki mlangoni watu wote waone, kisha wavulana wawili wa darasa la saba wakaupeleka jikoni. Mistari ilikuwapo. Ishirini, kila siku, hata kipofu angepapasa akaihesabu.

Mwalimu Charo alikuwa mtu nadhifu. Soksi zake zilifika magotini na hazikuteremka. Alikuwa na rula ya mti ambayo alitupigia kwa ukingo, juu ya vifundo vya vidole, na alipokupiga hakukasirika, alikueleza tu kosa lako taratibu huku akipiga. Nilimpenda. Siwezi kuandika haya nikadanganya hapo. Baba yangu alikuwa salamu, na huyu alikuwa mtu mzima anayenitazama machoni na kuniuliza jibu. Alinipa jina, aliniita Mwanahesabu, na mimi nilitembea na jina hilo kama wenzangu walivyotembea na viatu.

Juma lile alitufundisha uwiano. Alichora vibaba ubaoni, akatufundisha kwamba moja kwa tano ni sawa na mbili kwa kumi, na nne kwa ishirini, na kwamba ukijua kimoja unaweza kukamata kingine popote kilipojificha. Alipenda kusema hesabu haimjui mtu. Kisha akaweka chaki chini na kusema kwamba stooni hutoka vibaba ishirini, kila mtu anajua, na kwamba anataka mwanafunzi mmoja mwenye akili aende jikoni kesho ahesabu ni vingapi vinavyoingia chunguni. Darasa zima likageuka kunitazama. Kadzo pia alinitazama, akitabasamu, akanigusa kwa kiwiko ubavuni. Alifurahi kwamba ni mimi.

Asubuhi ile nilifika jikoni kabla ya kengele. Mekazungu alikuwa ameshachochea moto. Nikamwambia shikamoo, akaitikia, akauliza kama nimetumwa. Nikasema mwalimu anataka nijifunze vipimo. Akafurahi, akafuta kigoda kwa upindo wa leso yake, akanikalisha mahali ambapo moshi haufiki. Aliniambia yeye hakuingia darasani hata siku moja na kwamba Kadzo humsimulia jioni habari za akili yangu.

Hakuumwaga unga wote kwa pamoja, kwa sababu ungefanya madonge. Aliukoroga kwanza kwa maji baridi kwenye ndoo, kopo moja baada ya jingine, kopo lile lile la bati. Alilichovya kwenye gunia, akalitoa limejaa, unga umesimama juu yake kilima, akalipeleka kwa mkono uliotulia bila kumwaga hata chembe. Nami nilikuwa pale na kijiti changu nikichora mstari mmoja ardhini kwa kila kopo.

"Nikupimie polepole," akaniuliza, "usije ukapotea?"

Nikamwambia ndiyo. Akapima polepole. Alikuwa akingoja nichore ndipo achote tena, na mara mbili alinihesabia kwa sauti. Gunia likaisha kwenye kopo la kumi na sita. Akalikung'uta, akaligeuza nje ndani, akapangusa na vumbi la unga akalitia ndooni. Nikatazama madebe ya maji. Yalikuwa mawili na nusu kama kanuni inavyotaka. Uji ulipochemka akachota kidogo cha juu akanionjesha kwenye jani, akauliza kimeiva, nikasema kimeiva, ahsante mama.

Nilikimbia njia nzima mpaka darasani. Ningependa kusema kwamba moyo ulikuwa mzito, lakini nilikuwa na furaha ya mtu aliyeshika kitu mkononi. Vibaba kumi na sita vya unga kwa kanuni ya moja kwa tano vinataka maji themanini. Maji yaliyomo ni mia. Maji mia yanataka unga ishirini. Ishirini toa kumi na sita. Nilipomwonyesha Mwalimu Charo daftari alilitazama kwa muda mrefu, akachukua kalamu yake nyekundu, akaweka alama ya vema kubwa kuliko zote alizowahi kuniwekea. Akaniambia nisimwambie mtu, hata wa dawati langu. Nikaenda nikaketi karibu na Kadzo siku nzima nikaazima nusu yake ya penseli, maana yangu ilikuwa imevunjika ncha.

Kesho yake ubao ulitolewa nje na kuegemezwa kwenye mlingoti wa bendera. Mwenyekiti alikuwapo, na wazazi waliofikiwa na habari. Tulipangwa kwa madarasa. Mekazungu aliitwa kutoka jikoni, akaja akifuta mikono, akadhani labda wageni wa uji wamefika. Akasimamishwa kando ya ubao. Nami nikapewa chaki.

Nilifanya hesabu ile mbele ya shule nzima, kwa sauti, mstari kwa mstari, kama nilivyofundishwa. Sikukosea. Nilipofika kwenye nne nikaizungushia duara. Mwalimu Charo akaichukua pale nilipoiacha, akauliza shule, vinne kwa siku, siku tano, ni vingapi. Shule ikajibu ishirini kwa sauti moja. Akauliza ishirini ni nini. Darasa la nane wakajibu kwamba ni uji wa siku nzima. Akasema basi kila juma kuna siku moja ambayo sisi sote tunalala njaa kwa ajili ya nyumba moja. Ilikuwa hesabu nzuri. Kila hatua ilifuata nyingine, na kila mtoto pale alikuwa na tumbo la kumsaidia kuielewa.

Akamgeukia Mekazungu na kumwuliza kama anaikubali hesabu.

"Hesabu siijui, mwalimu," Mekazungu akasema. "Unga ulionipa ndio niliopika."

Akasema hivyo tu, kisha akanitazama mimi. Hakunitazama kwa hasira. Alinitazama kama mtu anayengoja mwenzake aongeze neno, kwa sababu nilikuwa nimekaa kwenye kigoda chake, niliona gunia likikung'utwa na kugeuzwa. Niliona. Nilikuwa na jambo la kusema na nililijua, kwamba vibaba hivyo vinne havikupotelea jikoni, kwa kuwa mimi nilifika kabla ya gunia kufunguliwa. Lakini nilidhani kwamba wizi ni kitu kinachofanywa na watu wazima kwa ufundi ambao mtoto hawezi kuuona, na kwamba ikiwa hesabu inasema ameiba, basi ameiba, hata kama macho yangu hayakuona. Nilishika chaki yangu nikanyamaza.

Mwenyekiti akatuma wavulana wakapekue nyumba yake. Wakarudi na kibakuli cha unga wa njano wakakiinua juu. Kila nyumba iliyokuwa ikipata mgao wa msaada, uliokuja mara moja moja, ilikuwa na unga wa njano, hata ya mwenyekiti. Hakuna aliyelisema hilo. Mama mmoja alitema mate chini karibu na miguu ya Mekazungu, na watoto wadogo wakacheka kwa sababu walimwona mtu mzima akitema mate kwa hasira. Akaambiwa aache mwiko na aende. Aliuweka chini taratibu, akiuegemeza kwenye ubao ili usishike mchanga.

Kabla ya saa nne Kadzo alikuwa na jina jipya. Walimwita Vinne. Vinne njoo, Vinne nenda, Vinne umekula nini leo. Ilianza na wavulana wa nyuma, kisha ikawa ya shule. Siku ya pili nami nilimwita hivyo. Nilimwambia, "Vinne, sogea," nikitaka nafasi kwenye dawati, na wa nyuma wakacheka, na kicheko chao kikanipa joto mgongoni. Kadzo alisogea. Penseli yake hakunipa tena, wala sikuiomba.

Kazi ya jikoni tukapewa sisi. Mwenyekiti alisema mbele ya kamati kwamba nyumba iliyotoa mtoto mwaminifu ndiyo inayostahili kuaminiwa chungu. Mama alikuja kuchukua ule mwiko siku ya Ijumaa na Jumatatu akaanza. Usiku wa Jumatatu hiyo, kwa mara ya kwanza kwa muda ambao sikumbuki ulikuwa mrefu kiasi gani, mdogo wangu wa mwisho alilala kabla ya kulia. Mama alileta ukoko mwingi kwenye kata, akauongezea maji kidogo akauchemsha upya, ukawa mzito wa kusimamisha kijiko. Jirani zetu wakaanza kututazama kama tajiri anavyotazamwa.

Nami nikapewa heshima yangu. Nikawa mwenye kuchora ile mistari ya chaki mlangoni mwa stoo huku Mwalimu Charo akipima. Siku ya kwanza niliingia stoo nikiwa nimenawa miguu. Kulikuwa na giza na baridi ya saruji, magunia yamepangwa hadi darini, na ile harufu. Mwalimu akachovya kopo kwenye gunia. Likatoka limejaa, kilima juu yake. Akachomoa rula mfukoni, akailaza kwenye mdomo wa kopo, akaipitisha mara moja. Kilima kikarudi guniani. Kilichobaki kilikuwa sawasawa na ukingo. Akakimwaga kwenye gunia la jikoni akasema, "Moja."

Nikachora mstari.

Sisi wa kule tulikuwa na majina ya vitu hivyo viwili, na nilikuwa nimeyajua kabla ya kujua jina la baba yangu. Kibaba kilichojaa hadi unga ukasimama juu ni kibaba cha tele. Kilichopanguswa kwa usawa wa ukingo ni kibaba cha mfuto. Ukimpimia mtu kwa mfuto kwetu umemtukana. Hata kwenye deni, hata kwa mtu mliyegombana, unampimia tele, na wanawake wanaona aibu kupangusa kopo hata kama hakuna anayewaona. Yule mama wa afya alichota kibaba chake cha tele siku ile, sote tuliona, na hakuna aliyetaja kwa sababu hakukuwa na haja ya kutaja. Mekazungu alichota tele. Mkono wake haukujua namna nyingine. Na maji hayana tele, maji ukiyajaza yanafika ukingoni yanamwagika, kwa hiyo kwa upande wa maji hakuna aliyeweza kudanganya wala kudanganyika.

Mbili, tatu, nne. Nilichora na huku nikikokotoa, sikuweza kujizuia, kichwa changu kilikuwa kimeshafundishwa kufanya hivyo. Ikiwa vibaba ishirini vya mfuto ni kumi na sita vya tele, basi katika kila vitano vya mfuto mna vinne vya tele tu. Kilima cha kila kopo kilikuwa kinarudi guniani, na vilima ishirini vilifanya vibaba vinne. Hesabu yangu mbele ya mlingoti ilikuwa sahihi tangu mwanzo hadi mwisho. Vinne vilikosekana. Nilichokosea ni kutouliza vilikosekana wapi, na havikuwahi kufika jikoni kutoka katika chumba kile nilimokuwa nimesimama. Vilikuwa vinatoka baadaye, siku za Ijumaa, kwenye baiskeli ya ndugu yake mwalimu, kuelekea sokoni Vitengeni. Baiskeli hiyo nilikuwa nimeshaiona mara nyingi na kuipisha njia.

Nadhani mkono wangu ulisita, kwa sababu Mwalimu Charo aliinua macho. Tulitazamana. Alikuwa na unga kwenye nyusi.

"Katika vipimo vya kitaalamu kopo hukatwa," akasema. "Umeelewa, Mwanahesabu?"

Nikasema nimeelewa. Akapitisha rula tena. Halafu akauliza, kwa sauti ile ile ya upole aliyotupigia nayo, mama anaendeleaje na kazi. Nikasema anaendelea vizuri. Akasema vizuri, na mimi nikachora mstari wa tano.

Nilikaa nalo juma zima. Nilikuwa nikila ukoko jioni na kuchora mistari asubuhi, na Kadzo bado nilikaa naye dawati moja. Alikuwa anakuja shule bila kunywa uji. Foleni ilipofika kwake wavulana walipiga makofi manne, basi akaacha kupanga foleni. Siku moja aliinama kwenye dawati hisabati nzima, Mwalimu Charo akampiga rula kwa kulala darasani, akamweleza taratibu kwamba mvivu na mwizi ni nyumba moja. Niliona vifundo vyake vikivimba. Nilikuwa na daftari wazi mbele yangu na jibu sahihi ndani yake.

Kisha wakahama. Mekazungu alipata habari ya jamaa huko Tezo, karibu na Kilifi, ambako kuna mashamba ya watu na mtu anaweza kulima kibarua akapewa chakula. Kutoka kwetu hadi Tezo kwa miguu, na mkwe kipofu na watoto wadogo, sijui walitumia siku ngapi. Asubuhi ya kuondoka Kadzo alipita shuleni kurudisha kitabu cha shule. Nilikuwa nje nikifagia. Nilitamani apite bila kuniona. Alikuja mpaka nilipo, akasimama, na hakuwa analia.

"Ungeniuliza mimi," akasema. "Ningekwambia mama hupima vipi."

Nikafagia. Akangoja kidogo, halafu akaenda akawafuata wenzake barabarani. Sikuwahi kumwona tena. Nimewahi kumtafuta nikiwa mtu mzima, si kwa bidii niliyopenda watu wafikirie. Niliuliza Tezo mara mbili na nilifurahi mara zote mbili nilipoambiwa hawajulikani.

Jioni ile nilikwenda nyumbani nimeamua. Mama alikuwa amekaa mlangoni, wadogo zangu wamemzunguka, anagawa ukoko kwenye mabakuli. Nilikuwa nimejipanga maneno njia nzima. Nikamwita, "Mayo," kama tunavyowaita mama zetu, nikamwambia kila kitu. Nilimwambia habari ya rula, ya kilima kinachorudi guniani, ya tele na mfuto, ya baiskeli. Nilimchorea mchangani ili aione. Nilimwambia Mekazungu hakuiba hata punje na kwamba tukienda sasa kwa mwenyekiti, wote wawili, tunaweza kutuma mtu awafuate, hawajafika mbali.

Mama hakuutazama mchoro. Aliendelea kugawa, kijiko hapa, kijiko pale, akisawazisha ili mdogo asimlalamikie mkubwa.

"Nilijua siku ya kwanza," akasema. "Nilipima nikapata kumi na sita. Nikarudisha guniani nikapima tena, nikapangusa kila kopo kwa kiganja mpaka vikatimia ishirini. Tangu siku hiyo nafanya hivyo, asije mtoto mwingine akanihesabia."

Nikamwuliza kwa nini basi hakusema. Nilikuwa nalia, nadhani, na nilikuwa na hasira naye, na ilikuwa raha kubwa kupata mtu wa kumkasirikia. Akaweka kijiko chini. Hakupandisha sauti.

"Nikisema, kesho hawa watakula nini?" Akawaonyesha wadogo zangu kwa kidevu. "Wewe ulimtoa Mekazungu, mimi nikaingia. Sasa usinitafutie mimi dhambi yako. Kaa ule, kinapoa."

Nilisimama pale kidogo, nikitarajia labda miguu yangu itanipeleka kwa mwenyekiti bila mimi kuiambia. Mdogo wangu wa mwisho alikuwa ameshamaliza chake na anatazama changu. Nikakaa haraka nikavuta bakuli langu karibu asije akaligusa. Ulikuwa uji mzito, wa moto, wenye kugandia kwenye meno, na mama alikuwa ameutilia chumvi. Nilikula mpaka nikalamba kingo. Kisha nikamnyooshea mama bakuli, nikaomba kingine.